Miaka Mitatu Uwanjani, Miaka Ishirini Baada ya Hapo

(Hotuba hii niliitoa mbele ya wanafunzi wa tiba ya wanyama na wapenzi wa farasi. Naiweka hapa yote kwa ajili ya wale ambao hawakuweza kufika. Picha zilizooneshwa ukutani nimeziacha.)

Waheshimiwa walimu, wanafunzi, nanyi nyote mnaowapenda farasi, habari za asubuhi.

Naanza na hesabu ndogo. Farasi wa mbio wa aina ya Thoroughbred, akitunzwa vizuri, huishi miaka 25 mpaka 30. Huanza kuzoeshwa tandiko akiwa na mwaka mmoja na nusu hivi. Akifika miaka 2, huingia uwanjani. Na wengi wao wakifika miaka 5 au 6, kazi imekwisha. Toeni wenyewe. Mbio ni miaka mitatu, pengine minne. Inabaki miaka ishirini ambayo haina tiketi, haina kamera, haina wa kupiga makofi.

Miaka ishirini hiyo ni ya nani? Nawaomba mlishike swali hilo. Nitawauliza tena.

Katika hesabu hiyo kuna jambo linalowashangaza wengi. Kwenye nusu ya kaskazini ya dunia, farasi wote wa mbio huhesabiwa kutimiza mwaka siku moja, tarehe 1 Januari, awe amezaliwa Februari au amezaliwa Mei. Kusini, kama Australia na New Zealand, siku hiyo ni 1 Agosti. Kwa hiyo mtoto wa Mei hushindana na mtoto wa Februari kama marika, na mifupa yake ina miezi mitatu pungufu. Mimba ya farasi huchukua miezi kumi na moja, basi wafugaji hupanga majira ya kupandisha ili watoto wazaliwe mapema mwakani. Kalenda ya mchezo ndiyo inayoamua, na mwili hulazimika kuifuata.

Je, ni ukatili kumkimbiza farasi wa miaka 2? Wengi hujibu haraka kwamba ndiyo. Mimi nawaomba twende polepole. Mfupa wa mnyama mchanga hujijenga kwa kufanyishwa kazi. Mfupa usioguswa na mwendo hubaki dhaifu. Zipo tafiti zilizoonyesha kwamba farasi walioanza mbio wakiwa na miaka 2 mara nyingi walidumu uwanjani kuliko waliochelewa. Lakini tahadhari! Anayeweza kuanza mapema huenda ndiye aliyekuwa mzima tangu awali, na yule mgonjwa alichelewa kwa sababu ya ugonjwa wake. Kwa hiyo ukiniuliza mimi, umri wa kuanza si ugomvi mkubwa. Ugomvi mkubwa ni mwendo wa mazoezi: kasi kiasi gani, mara ngapi, na anapewa nafasi gani ya kupona katikati.

Hebu tumtazame John Henry. Alizaliwa Marekani mwaka 1975. Alipokuwa na mwaka mmoja aliuzwa mnadani kwa dola 1,100, kwa sababu umbo lake halikuvutia na hasira zake zilijulikana. Wakamhasi. Farasi huyo alikimbia mara 83, akashinda mara 39, akaingiza zaidi ya dola milioni 6.5. Mwaka 1984, akiwa na miaka 9, alichaguliwa kuwa farasi bora wa mwaka Marekani. Miaka 9! Wenzake aliozaliwa nao walikuwa wamesahaulika.

Kwa nini alidumu hivyo? Afya yake ilikuwa njema, sawa. Lakini sababu kubwa ni kwamba alihasiwa. Dume bingwa akiwa mzima hutolewa uwanjani upesi, kwa kuwa fedha ya kuzalisha huipita fedha ya mbio. Secretariat alishinda mbio zote tatu kubwa za Marekani mwaka 1973, akamaliza ile ya Belmont akiwa mbele kwa urefu wa farasi 31, na mwaka huohuo, akiwa na miaka 3, akastaafu. Daftari la ukoo wa Thoroughbred halikubali uhimilishaji. Lazima dume na jike wakutane wenyewe. Dume mwenye jina kubwa basi anakuwa mali isiyotakiwa kuhatarishwa hata kwa mbio moja zaidi.

Hao ni wachache. Yule dume wa kawaida, asiye na ushindi mkubwa wala ukoo unaotafutwa, hahitajiwi na mtu kwa mbegu. Jike wa kawaida naye hupata nafasi ya kuzaa kama ukoo wake unatamanika. Aliyehasiwa hana hata hiyo. Tutawarudia hawa.

Sasa tuje kwenye mguu.

Alfajiri, kabla farasi hajatolewa bandani, saisi mzuri huchuchumaa pembeni ya mguu wa mbele. Huweka kiganja nyuma ya mguu, chini kidogo ya goti, pale kano zinapopita, akakiteremsha taratibu mpaka kwenye kifundo. Hasemi kitu. Anatafuta joto. Akimaliza anahamia mguu wa pili, kwa sababu joto la mguu mmoja halikuambii neno mpaka ulilinganishe na la mwenzake. Kisha hubana kwa vidole viwili nyuma ya kifundo na kuhisi mapigo ya damu inayoshuka kwenye ukwato. Mapigo yakidunda kwa nguvu kuliko jana, kuna jambo limeanza mle ndani. Wanafunzi, mashine za kupiga picha mtazitumia na ni nzuri sana. Lakini jifunzeni kiganja hicho. Farasi wengi wameokolewa na saisi aliyesema, "Leo huyu asitoke."

Kwa nini mguu? Kwa sababu chini ya goti farasi hana nyama. Ana mfupa, ana kano, ana mishipa, ana ngozi, basi. Mnyama wa kilo 450 mpaka 500 anakwenda shoti kwa zaidi ya kilomita 60 kwa saa, na katika kila hatua ya shoti kuna wakati mguu mmoja wa mbele unabeba mwili wote peke yake, na nguvu inayougonga huzidi mara mbili ya uzito wake. Mguu mmoja! Na mahali penye nyama kidogo damu nayo ni kidogo, na penye damu kidogo kupona ni kugumu.

Watu huuliza, na huuliza kwa uchungu: kwa nini farasi akivunjika mguu huuawa? Kwa nini asifungwe plasta kama binadamu?

Nitawajibu kwa habari ya farasi Barbaro wa Marekani. Mei 2006 alishinda Kentucky Derby, ya kwanza kati ya zile mbio tatu kubwa, kwa urefu wa farasi sita na nusu. Wiki mbili baadaye, tarehe 20 Mei, kwenye Preakness Stakes, ya pili kati ya hizo tatu, mguu wake wa nyuma wa kulia ulivunjika mara tu baada ya mbio kuanza. Mfupa ulisambaratika vipande zaidi ya 20. Alipelekwa hospitali ya New Bolton Center, Pennsylvania, na daktari mpasuaji Dean Richardson akaunganisha mguu ule kwa bamba la chuma na skrubu 27.

Kuzinduka tu kutoka nusukaputi ni hatari kwa farasi. Wazee wa mchezo huu wanamkumbuka Ruffian, jike ambaye hakuwa ameshindwa hata mara moja mpaka Julai 1975, alipovunjika mguu wa mbele katika mbio ya wawili tu, yeye na dume Foolish Pleasure. Walimfanyia upasuaji usiku uleule. Alipozinduka alianza kurusha miguu kana kwamba bado yuko mbioni, akaharibu kila kilichotengenezwa, ikabidi apumzishwe, yaani auawe kwa dawa asiteseke. Barbaro yeye alizindukia kwenye bwawa la maji, amewekwa ndani ya boya la mpira, miguu ikining'inia bila kugonga kitu. Upasuaji ulifaulu. Mfupa ulianza kuunga. Nchi nzima ilifuatilia, watu wakamletea maua na karoti mlangoni.

Basi alikufa kwa nini? Alikufa kwa mguu mwingine. Mguu mgonjwa ulipopunguziwa uzito, ule mzima wa upande wa pili uliubeba kwa wiki na wiki. Ndani ya ukwato, mfupa wa mwisho wa mguu umening'inizwa kwenye ukuta wa ukwato kwa tabaka laini zilizoshikana kama vidole vya mikono miwili vilivyopishanishwa. Tabaka hizo zikikosa damu ya kutosha, huvimba, hufa, huachana, na mfupa huanza kuzama. Ugonjwa huo huitwa laminaitisi. Julai 2006 ulimpata Barbaro kwenye mguu wa nyuma wa kushoto. Wakapambana miezi sita mingine. Ulipoenea hadi miguu ya mbele, hakubakiwa na mguu wa kusimamia, na tarehe 29 Januari 2007 wakampumzisha.

Farasi hawezi kulazwa kitandani. Akilala siku nyingi, mapafu hujaa, tumbo husimama, ngozi huoza. Lazima asimame, na kusimama ndiko kunakomuua. Daktari anapoamua kumpumzisha farasi aliyevunjika, mara nyingi anaona tayari miezi hiyo minane iliyo mbele yake.

Na laminaitisi haisubiri ajali. Secretariat ilimmaliza mwaka 1989, akiwa na miaka 19, wala hakuwa amevunjika popote. Black Caviar wa Australia, aliyekimbia mara 25 na kushinda zote 25, ilimwondoa Agosti 2024 baada ya kuzaa, siku moja kabla ya kutimiza miaka 18. Mabingwa hao walikuwa na kila tiba ambayo fedha inaweza kununua.

Sasa nisikilizeni hapa, maana hapa ndipo penye tumaini. Kuvunjika kwa mguu uwanjani huonekana kama radi, lakini mara nyingi si radi. Huko California, tangu mwaka 1990, farasi wanaokufa viwanjani hupasuliwa na kuchunguzwa. Wataalamu walichokuta, tena na tena, ni kwamba mahali mfupa ulipokatikia palikuwa na dalili za zamani. Palikuwa na nyufa ndogo, au na mfupa uliochoka. Mfupa unaopigwa kila siku hujirekebisha: kwanza huondoa sehemu iliyoumia, kisha hujenga mpya. Kati ya kubomoa na kujenga kuna kipindi ambapo pana tundu. Ukimkimbiza kwa kasi katika kipindi hicho, unaomba msiba. Ndiyo maana hata farasi aliyetoka likizo ni wa kuangaliwa sana. Anaonekana amenenepa, ana furaha, anarukaruka, lakini mfupa wa juu ya kiwiko bado haujawa tayari kwa shoti.

Kati ya mwisho wa Desemba 2018 na Juni 2019, uwanja wa Santa Anita huko California ulipoteza farasi 30 katika msimu mmoja. Mvua zilikuwa kubwa, udongo wa uwanja ulibadilika, mbio ziliendelea. Uwanja ulifungwa kwa muda mwezi Machi. Watu waliandamana langoni. Na ni haki waliandamana. Lakini tazameni kilichofuata. Dawa zikabanwa, madaktari wakaongezwa, mazoezi ya kasi yakaanza kuombewa ruhusa. Desemba mwaka huohuo ikafungwa mashine ya kupiga picha kifundo cha farasi akiwa amesimama, inayoonyesha mfupa ulioanza kuchoka kabla haujapasuka. Mwaka 2020 bunge la Marekani likapitisha sheria ya mamlaka moja ya usalama wa mbio, HISA, na kanuni zake za usalama zikaanza kazi Julai 2022.

Matokeo? Mwaka 2009, kumbukumbu za kitaifa zilipoanza, walikufa farasi 2 kwa kila 1,000 walioingia mbioni. Mwaka 2024, katika viwanja vilivyo chini ya mamlaka hiyo, idadi ilikuwa 0.90. Imeshuka kupita nusu. Hesabu hiyo haihusishi wanaokufa mazoezini, na hilo tusilifiche. Lakini yule anayewaambia kwamba vifo ni sehemu ya mchezo, kwamba hakuna la kufanya, mwambieni lilifanyika, na farasi wako hai kwa sababu lilifanyika.

Nipite haraka kwenye mapafu na tumbo. Moyo wa farasi akipumzika hupiga mara 30 hadi 40 kwa dakika. Mbioni hufika 220 na kuzidi. Wengu lake hujikaza na kumwaga akiba ya chembe nyekundu kwenye damu. Hupumua kwa pua tu, pumzi moja kwa kila hatua ya shoti. Msukumo huo ni mkubwa mno kwa mishipa midogo ya mapafu, na wengi huvuja damu ndani ya mapafu baada ya mbio, hata kama puani hakuonekani kitu. Tumbo nalo: farasi aliumbwa ale majani kutwa nzima, na asidi yake hutiririka awe anakula au hali. Mfungie bandani kwa saa 22 kati ya 24, mpe nafaka nyingi mara mbili au tatu kwa siku, nyasi kavu kidogo, kisha mkimbize. Farasi wengi sana walio kwenye mazoezi ya mbio wana vidonda vya tumbo. Hili tunaweza kulipunguza kesho asubuhi: nyasi kavu zaidi, na ale kidogo kabla ya kutoka mazoezini. Haligharimu mashine yoyote.

Red Rum ni shahidi wangu kwamba matunzo hushinda. Alizaliwa 1965. Kocha wake, Ginger McCain, alimnunua kwa ajili ya mmiliki mzee aliyetamani kushinda Grand National, mbio kubwa ya kuruka vizuizi inayofanyika uwanja wa Aintree, Uingereza, na mara walipomleta wakaona anachechemea. Mfupa wa ndani ya ukwato ulikuwa na uvimbe sugu, ugonjwa ambao wengi wangesema huyu auzwe. McCain alikuwa akiwafanyisha farasi wake mazoezi ufukweni, Southport. Red Rum akawa anakimbia mchangani na kusimama katika maji baridi ya bahari. Alishinda Grand National mwaka 1973, akashinda 1974, akawa wa pili 1975, wa pili tena 1976, akashinda mara ya tatu 1977. Hakuna mwingine aliyefikisha tatu. Alistaafu 1978, akaishi miaka 17 mingine, akipendwa, akialikwa kufungua maduka, akitunzwa na watu walewale. Alikufa Oktoba 1995 akiwa na miaka 30, akazikwa kwenye mstari wa mwisho pale Aintree.

Miaka hiyo 17 ilikuwa ya nani? Ilikuwa ya Red Rum, kwa sababu walikuwapo watu waliokubali kuilipia.

Na Ferdinand je? Ferdinand alishinda Kentucky Derby mwaka 1986. Mwaka 1987 alikuwa farasi bora wa mwaka Marekani. Alipostaafu akawa dume la kuzalisha. Watoto wake hawakung'ara. Mwaka 1994 akauzwa Japani. Huko nako majike yakaacha kuletwa. Mwaka 2002 akapelekwa machinjioni. Hakuna aliyepigiwa simu Marekani. Habari ilifika mwaka uliofuata, watu wakalia. Bingwa wa Derby! Kama bingwa alifika huko, yule aliyemaliza wa saba katika mbio za Jumanne alifika wapi?

Kilio hicho kilizaa kitu. Wauzaji wakaanza kuandika kwenye mikataba kwamba dume akimaliza kazi arudishwe nyumbani. Ndivyo Silver Charm, mshindi wa Derby ya 1997, alivyorudi kutoka Japani Desemba 2014, akiwa na miaka 20, akaingia Old Friends, shamba la wastaafu lililoanzishwa Kentucky na Michael Blowen, mwandishi wa habari za filamu aliyeacha kazi gazetini. Ni sentensi moja kwenye mkataba. Hiyo tu ndiyo iliyowatenganisha Silver Charm na Ferdinand.

Na msidhani lazima ushinde ndipo upendwe. Haru Urara wa Japani alikimbia mara 113 na hakushinda hata moja. Watu walijazana uwanja wa Kochi kumshangilia akishindwa. Aliishi mpaka miaka 29, akafa Septemba 2025.

Lakini mapenzi ya umati hayatoshi, kwa sababu Marekani peke yake huzaliwa watoto wa Thoroughbred kama 17,000 kila mwaka. Mashamba ya wastaafu hayawezi kuwapokea wote, wala si lazima. Farasi wa miaka 5 mwenye miguu mizima ana kazi nyingi mbele yake: kuruka vizuizi, kupandwa matembezini, mashindano ya mitindo ya mwendo (dressage). Anahitaji kufundishwa upya tu, na hapa nawasihi mwe na subira. Farasi huyu hajawahi kufundishwa kusimama wakati wa kupandwa. Mpanda farasi hurushwa juu huku farasi anatembea. Ukivuta hatamu kumsimamisha, yeye amezoea kuegemea lijamu na kuongeza kasi. Hana kiburi, anatii alichofundishwa. Mwondoeni kwenye nafaka taratibu, mrudisheni malishoni pamoja na wenzake, mpeni miezi. Uingereza wana taasisi ya kazi hiyo, Retraining of Racehorses, tangu mwaka 2000. Marekani, tangu 2012, Thoroughbred Aftercare Alliance hukagua na kuthibitisha mashamba yanayowapokea, na sehemu ya fedha hutoka kwa wafugaji, wamiliki na viwanja vyenyewe. Mimi naona ndivyo inavyopasa: fedha ya miaka ishirini ikatwe kwenye ile mitatu, tangu siku mtoto anaposajiliwa, si kuchangishwa barabarani siku anapokosa pa kwenda.

Ombi langu kwenu wanafunzi ni moja. Mtakapokuwa madaktari wa viwanja, andikeni kila jeraha. Kano iliyochanika huchukua miezi 9 hadi 12 kupona, na hupona kwa kovu. Mmiliki wa pili asipojua, atamrusha vizuizi baada ya miezi minne na kano ile itachanika tena, naye atamwita farasi mbovu. Marekani kila Thoroughbred aliyesajiliwa, aliyezaliwa tangu 2017, ana chipu ya utambulisho shingoni. Kumjua ni nani hakuna shida tena. Karatasi zake za matibabu zimfuate kila anapouzwa, mpaka kwa mtu wa mwisho.

Asanteni sana. Nakaribisha maswali.